Vidole Vinne Begani kwa Mama

Siku aliyofariki Mama ilikuwa Jumatano ya kawaida kabisa. Tulikula wali na samaki aliyepikwa kwa sukari iliyounguzwa, Mama akaosha vyombo, akasema anajinyoosha kidogo kwenye bembea ya kulalia kabla ya kwenda kumwagilia maua. Saa saba na nusu mchana dada yangu Thoa akaenda kumwamsha, akakuta hapumui. Hakuugua, hakuaga. Mguu mmoja ulikuwa bado unaning'inia nje ya bembea, ndala imedondoka chini.

Niseme mapema, maana watu wa mji wetu huu wa Sa Dec wana midomo. Wapo wanaonong'ona kwamba Mama alikuwa mchawi, kwamba alirudi kumchukua mjukuu. Waongo wakubwa. Mama hakuwa na ubaya na mtu, na Khue, binti pekee wa Thoa, alimpenda kuliko alivyotupenda sisi aliotuzaa. Uchawi, kama huu ni uchawi, niliufanya mimi Lieu, kwa simu yangu, mchana kweupe.

Kwetu mtu akishafika miaka sitini hupigwa, angali hai, picha ya kuwekwa kwenye madhabahu ya wafu nyumbani. Inatiwa fremu, inafungwa kitambaa, inawekwa kabatini kungoja siku yake. Mama alikataa katakata. Kila mwaka tulimkumbusha, na kila mwaka alituuliza tuna haraka gani naye. Basi akafa na miaka sabini na moja, picha hana. Na mzee wa kutazama saa njema, alipoitwa, akahesabu vidole vyake akasema maiti iingie jenezani saa kumi jioni siku hiyohiyo. Ikipita hapo tungoje siku tatu, na joto la mwezi wa nne mnalijua. Kabla ya jeneza kufungwa, picha iwe imeshapanda madhabahuni.

Kazi ya kutafuta picha ikaniangukia mimi, nani mwingine? Mimi niko kwenye bustani ya miche. Napiga picha za waridi na krisanthemu, naziweka mtandaoni wateja wachague. Maktaba ya picha ya ukoo wetu ilikuwa mikononi mwangu pia. Ndugu wote walikuwa wanaitumia hiyo moja. Mtu akipiga picha Saigon inaingia humohumo, na mimi ndiye wa kupanga, kuondoa zilizojirudia na kufuta. Nikifuta mimi, imefutika kwa wote. Nilijivunia jambo hilo, si uongo. Zilikuwa picha elfu kumi na moja na ushee, na nilijua kila moja ilipo.

Nikagusa uso wa Mama kwenye simu, maktaba ikamkusanyia picha zake mia tisa na kumi na nne. Nikaketi kwenye kizingiti, huku nyuma yangu wanawake wanamwosha, nikaanza kuchagua. Katika nyingine amefumba macho. Katika nyingine ameinamia sufuria. Katika nyingine ameweka mkono mbele ya uso, maana hakupenda kupigwa. Unabonyeza moja, unashikilia, unaburuta kidole hadi chini, zote zinachaguliwa kwa mpigo, unaziweka kando. Saa nane na nusu zilikuwa zimebaki sita, na katika hizo sita moja tu ndiyo aliyotazama mbele.

Ilikuwa ya siku ya pili ya mwaka mpya. Mama amekaa kwenye benchi, kavaa gauni refu la zambarau, anakaribia kucheka. Nyuma yake amesimama Khue, miaka saba, mkono wa kulia begani kwa bibi yake.

Nikamkata Khue. Yaani nikaikata picha, uso wa mtoto ukatoka. Lakini vidole vinne vilibaki juu ya ile zambarau.

Nikaituma kwa fundi Tong mwenye studio karibu na soko, nikaifuata kwa pikipiki. Aliivuta kubwa kwenye kioo. Akaniuliza vidole vile ni vya nani. Akasema vikiwa vya mtu aliye hai lazima avifute na kuchora upya kitambaa, na kazi hiyo itamchukua zaidi ya saa moja. Nikatazama saa ukutani, ilikuwa saa tisa.

"Ni vyake mwenyewe," nikamwambia. "Alikuwa anajikuna."

Tong alinitazama. Ni mtu mzima, amechapisha nyuso za wafu wa mji huu miaka thelathini, anajua mkono unavyokaa. Lakini mteja ni mteja. Akabonyeza, picha ikatoka.

Tukawahi. Picha ikapanda, vijiti vya udi vikawashwa mbele yake, jeneza likafungwa saa kumi kamili. Watu wakanisifu kwa kuwa mwepesi. Siku ya tatu, baada ya mazishi, Thoa akasimama mbele ya madhabahu, akauliza kile kilichopo begani kwa Mama ni nini. Nikasema ni mkunjo wa nguo. Akaamini. Mchana huohuo nikaingia maktabani, nikachagua picha zote za lile benchi, arobaini na mbili, nikazifuta ili asije akaiona ile nzima. Nilijiambia nafanya usafi. Njia ya mwongo fupi, lakini siku ile niliiona ndefu ya kunitosha.

Kwetu marehemu huwekewa chakula kila mlo kwa siku arobaini na tisa. Bakuli la wali, kitoweo, vijiti vya kulia, kikombe cha chai. Thoa hakukosa hata siku moja.

Siku ya tisa Khue akasukuma bakuli lake.

"Nimeshiba, mama. Nimekula na Bibi."

Thoa akalia, akidhani ni uchungu wa mtoto. Mimi nikasema utampita. Haukumpita. Asubuhi ameshiba, mchana ameshiba. Ukimlazimisha anatapika maji matupu. Mdomo wake ukaanza kunuka udi. Siku moja, Thoa akiwa ndiyo kwanza ameweka chakula madhabahuni, Khue alikuwa amelala chumba cha pili, mlango umefungwa. Akaita kwa sauti ndogo kwamba leo samaki amezidi chumvi. Thoa akaenda akaonja yule wa madhabahuni. Chumvi ilikuwa imezidi kweli.

Wiki ya tatu tulimpeleka hospitali. Damu safi, tumbo safi, kifua safi. Daktari alisema mtoto ana huzuni, apewe vitu anavyovipenda. Mashavu yalikuwa yameshaingia ndani. Mkono wake wa kulia ulikuwa baridi, wa kushoto una joto la kawaida. Vijiti vya kulia vilikuwa vinamponyoka. Dada akawa analala ameukumbatia ule mkono kifuani aupashe moto, na asubuhi anaamka yeye ndiye kifua kimepoa.

Siku ya thelathini nilifungua maktaba kutengeneza albamu ya siku ya arobaini na tisa ya Mama. Nikaona ameongezeka. Zamani alikuwa na picha mia tisa na kumi na nne, sasa zilikuwa elfu moja mia nne. Nikadhani ndugu wamepakia za zamani. Nikaziteremsha kwa kidole. Hazikuwa za Mama. Khue kwenye keki. Khue na baiskeli. Khue siku ya kwanza ya shule. Zote zimehamia kwenye uso wa Mama, na kwenye uso wa Khue zimepungua kwa idadi ileile.

Juu pakatokea nyuso mbili kwenye viduara, Mama na Khue, na swali chini yake. Je, huyu ni mtu yuleyule?

Nikabonyeza hapana.

Likarudi. Hapana. Likarudi.

Nikaikuza ile picha ya baiskeli. Mkono wa kushoto umeshika usukani. Mkono wa kulia ulikuwa mkono wa shati tu. Hakuna kiganja. Nikafungua ya keki. Hakuna kiganja. Nikafungua ishirini, thelathini. Katika kila iliyohama, mtoto alikuwa ameishia kwenye kifundo.

Hapo nilijua kwamba ule mkono niliouacha begani kwa Mama ndio unaomvuta mtoto. Msiniulize nilijuaje, moyo haudanganyiki. Na sasa nitasema jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu kabla ya leo. Niliingia kwenye tupio, mahali picha zilizofutwa hukaa siku thelathini kabla ya kupotea kabisa. Zilikuwemo, zote arobaini na mbili. Zilikuwa zimebakiwa na siku tatu. Niliiona ile nzima, Mama na Khue, uso na mkono na kila kitu. Kidole kilikuwa juu ya neno la kurejesha.

Sikuirejesha. Kuirejesha ilikuwa kukiri. Ingerudi kwenye simu ya kila mtu, Thoa angeiona, angeuliza kwa nini niliifuta. Nikajipa moyo kwamba nitalimaliza kimyakimya. Nikaanza kuchagua picha za Khue na kuzirudisha kwake. Bonyeza, shikilia, buruta. Nilirudisha mia mbili mchana mmoja. Jioni zilikuwa zimehama mia tatu. Siku tatu nzima nilifanya hivyo, macho yamekuwa mekundu, na siku ya nne tupio lilikuwa tupu.

Mchana wa siku ya thelathini na sita nyumba ilikuwa kimya. Kila mtu kalala kwa joto. Nikaenda peke yangu mbele ya madhabahu. Nilikuwa sijaitazama picha ile kwa karibu tangu ipande. Nikapanda kwenye kigoda.

Vidole havikuwa vinne. Vilikuwa vitano. Nyuma ya vidole palikuwa na kiganja chote, na mwanzo wa kifundo. Vilikuwa vimekunjika. Kitambaa cha zambarau kimeminywa chini yake. Mtoto alikuwa ameshikilia asianguke.

Kioo cha fremu kilikuwa na ukungu kwa ndani.

Nikamwamsha Thoa. Nikamwambia yote, isipokuwa zile siku tatu. Dada hakunipiga. Ningependa angenipiga. Alinisikiliza akiwa amekaa kitandani, kisha akanong'ona ili Khue asiamke.

"Lieu, irudishe."

"Haiwezekani, dada. Imeshapotea."

"Wewe ndiye unayejua mambo ya picha. Irudishe."

Tukaenda kwa mtawa wa kike wa pagoda, lile hekalu la mtoni, ambaye ndiye aliyemsomea Mama sala. Alituacha tuzungumze hadi mwisho. Thoa alitaka kwenda kuishusha picha na kuichoma saa hiyohiyo. Mtawa akamshika kiganja.

"Picha iliyokwisha kulishwa haishushwi kabla ya siku zake," akasema polepole. "Mkiichoma sasa, mnawachoma wote waliomo. Tafuteni ile nzima waliyopiga pamoja, kabla haijakatwa. Iwekeni pale mbele, mwiteni mtoto kwa jina lake mpaka aitike. Kabla ya mlo wa siku ya mwisho."

Thoa akauliza, na ikikosekana? Mtawa akaanza kutuwekea chai. Alikuwa mama wa makamo, mchangamfu, kila sikukuu alikuwa akinitania kwamba sijaolewa. Siku hiyo hakunitania.

Tulibaki na siku kumi na tatu. Niliwapigia simu ndugu wote. Wa Saigon hawana, walikuwa wanategemea maktaba. Niliwaandikia wenye kampuni ya maktaba yenyewe, kule waliko, nikiwaomba wanisaidie kupata picha moja tu ili mtoto apone. Wakanijibu kwa adabu sana kwamba kilichotoka kwenye tupio hakirudi. Nilikwenda kwa fundi Tong. Alikuwa na ile niliyomtumia, iliyokatwa. Akasema, "Nilikuuliza, dada."

Nyumbani Khue alikuwa hanyanyuki tena. Uso wake kwenye maktaba ulikuwa na picha sitini. Halafu kumi na nane. Thoa alimpigia nyingine mpya kila asubuhi, akimbembeleza acheke, zikawa zinahama kabla simu haijarudi mfukoni. Tulipomwita jina alikuwa anachelewa kugeuka, kisha akaacha kugeuka. Ukimwambia "mjukuu wa Bibi", anageuka mara moja.

Siku ya arobaini na nane, saa nne asubuhi, binamu yetu Nhan wa Can Tho akapiga simu. Alikuwa na simu ya zamani iliyovunjika kioo, na humo aliwahi kuihifadhi ile picha ya benchi ili awaonyeshe wenzake kazini jinsi Khue alivyokua. Ameipeleka kwa fundi, imewaka, picha imo. Thoa alipiga magoti palepale sebuleni. Mimi nililia kwa sauti. Kwa muda wa dakika mbili au tatu nyumba ile ilikuwa na furaha, nakumbuka hata jogoo wa jirani aliwika tukacheka.

Picha ikaingia kwenye simu yangu. Benchi lilikuwepo. Kalenda ya mwaka mpya ilikuwepo ukutani. Mama alikuwepo, kavaa zambarau, anakaribia kucheka. Nyuma yake palikuwa na ukuta. Bega la Mama lilikuwa tupu.

Nikampigia Nhan. Akaapa kwamba alipoitazama kabla ya kuituma, mtoto alikuwepo.

Tulichapisha hivyohivyo. Mngefanya nini? Tukaiweka mbele ya madhabahu, tukamlaza Khue kwenye mkeka chini yake. Thoa akamwita. Khue. Khue, mwanangu. Khue. Akamwita hadi sauti ikakauka, nikampokea mimi. Mtoto alikuwa macho wazi, anaitazama ile picha ya juu. Hatimaye midomo ikasogea. Tuliinama wote wawili.

"Bibi anasema mnapiga kelele," akanong'ona.

Siku ya arobaini na tisa Thoa alikataa kupika. Jamaa walikuja na matunda na vitambaa vyeupe, wakakuta jiko halijawashwa. Shangazi mmoja akaanza kunung'unika kwamba Mama ataondoka na njaa. Thoa akamwambia kama hakuna mlo basi hakuna wa kula, na yeyote atakayeleta hata punje ya wali ndani ya nyumba hii atamtoa kwa panga. Aliketi mkekani, kampakata Khue, mgongo ameupa madhabahu. Bakuli la Mama lilikuwa juu pale, limeoshwa, limefunikwa, tupu. Niliangalia mimi mwenyewe.

Saa sita mchana Khue akaanza kutafuna.

Alikuwa hana kitu mdomoni. Thoa alimwingiza kidole, hakuna kitu. Alitafuna taratibu, kwa adabu, mdomo umefungwa, kama bibi yake alivyomfundisha. Akameza. Akatafuna tena. Dada alikuwa anamziba mdomo kwa kiganja na kulia, "Usile, mwanangu, usile." Akameza mara ya tatu. Hakutafuna tena.

Wazee husema majuto ni mjukuu. Mimi nimeyaona na sura yake.

Tulipotaka kumwekea picha ya madhabahu, hatukupata. Uso wake umetoka kabisa maktabani. Zile zake zote ziko kwa Mama, na katika hizo sasa hayumo, kuna baiskeli imesimama yenyewe na keki yenye mishumaa saba. Tumemwekea bakuli la udi na jina lililoandikwa kwa mkono. Ile picha ya Mama tuliishusha siku ya hamsini. Begani hamna kitu, kitambaa kimenyooka.

Ningependa kuishia hapo, lakini tangu mwezi wa tisa kuna picha zinaingia. Hazitoki kwenye simu ya Nhan wala ya mtu wa Saigon, nimewauliza wote mmoja mmoja. Maktaba inasema zimepigwa siku hiyo zilipoingia, mahali hapajulikani. Zinaingia kwenye uso wa Mama, lakini Mama hayumo. Yumo Khue, mikono yote miwili. Amesimama mbele ya ukuta mweupe. Amerefuka. Nywele zimepita mabega. Kuna moja amevaa sare ya darasa la tatu, na sisi tulikuwa hata ya darasa la pili hatujamnunulia.

Niliwahi kuzichagua zote nizifute. Thoa aliniona, akaninyang'anya simu. Tangu hapo kila asubuhi anakuja kuuliza zimeingia ngapi, nami namwonyesha. Sina uso wa kumkatalia.

Kwetu siku arobaini na tisa zikiisha, chakula cha kila siku kinakoma. Marehemu anabaki kuwekewa siku ya kwanza na ya kumi na tano ya mwezi mwandamo tu. Ndivyo tulivyofanya kwa Khue, kama kila mtu.

Jana zimeingia mbili. Katika zote anatutazama sisi, na amekonda hadi mifupa ya shingo inahesabika. Dada alizitazama kwa muda mrefu. Kisha akanirudishia simu, akaenda kuosha mchele.